Bega la Kushoto

Mjerumani alimtemea Soud mate mara tatu, begani, bega la kushoto, ukumbi umeshajaa watu na taa zimeshapunguzwa. Hayakuwa mate mengi. Yalikuwa matone tu ya mzee mwenye meno ya bandia, lakini Soud aliyahisi yakipenya shati jeupe alilolipiga pasi kwa mkono wake mwenyewe, na aliyasikia pia, tfu, tfu, tfu, karibu kabisa na sikio. Akageuka. Mwalimu wake alikuwa anatabasamu.

Lile tabasamu ndilo lililommaliza. Kwao, mtu baki akikutemea mate hakuna cha kuulizana. Soud alitoa kitambaa mfukoni, akajifuta bega, akakitupa sakafuni mbele ya viatu vya mzee, kisha akatoka kwa mlango wa nyuma hadi kwenye maegesho ya magari, joto la Riyadh likampokea usoni. Ukumbini watu walikuwa wanapiga makofi ya kumkaribisha jukwaani. Yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kuimba jioni ile.

Alikuwa na miaka ishirini na sita, na hasira zilizokuwa zikimtangulia kila mahali kama mbwa aliyekata kamba. Alizaliwa Jeddah, mtaa wa Al-Nuzha, kwenye ukoo wa Kizanzibari uliofika huko baada ya mapinduzi. Alilelewa na bibi yake, Bi Jokha, kisha kazi ikampeleka Riyadh, kwenye maghala ya Al-Sulay, kuendesha foklifti iliyobeba vigae. Mikono ilipanga maboksi, kichwa kilipanga mashairi. Hakufundishwa na mtu. Alijipigia mizani kwa vidole juu ya usukani, na ukimkosoa silabi moja tu alinuna wiki nzima, halafu akairekebisha kimyakimya na kudai ilikuwa hivyo tangu mwanzo.

Na huyo mwalimu? Jina lake Volkmar Hasselbach, jina lililowashinda watu wa Riyadh, kwa hiyo wanafunzi walimwita Ustadhi Folkmar. Alikuwa mtoto wa fundi matrekta katika mji mdogo wa Ujerumani, mji ambao yeye mwenyewe alisema una daraja moja, kanisa moja na watu wanaosengenyana kwa zamu. Sauti yake ilijulikana tangu utotoni. Ilikuwa ile sauti ya kiume ya juu ambayo Wazungu huiita tenor, na katika opera mwenye sauti hiyo ndiye anayepewa kuwa mpenzi wa binti mzuri. Opera yenyewe ni mchezo wa ajabu. Watu hawasemi, huimba. Hupendana kwa kuimba, huuana kwa kuimba, na anayekufa haanguki mpaka amalize kuimba kwamba anakufa.

Volkmar aliajiriwa na jumba la opera la mji wa wastani akiwa kijana, na hapo hapo akakaa maisha yake yote ya uimbaji. Alikuwa mwana wa mfalme, mwanajeshi mtoro, mwanafunzi maskini, kinyozi. Alioa jukwaani mara nyingi kuliko sultani yeyote. Majumba makubwa hayakumwita, ila siku moja tu, mwimbaji wao alipougua ghafla. Alipanda treni, akaimba, wakampigia makofi wamesimama, na asubuhi akarudi kwao kwa treni ileile, kwa sababu mgonjwa alikuwa amepona. Alilisimulia hilo akicheka, lakini Soud aliona kwamba kila alipolisimulia alitazama pembeni.

Kisha sauti ikakatika. Alikuwa amepita hamsini. Ilikuwa noti aliyoizoea kama mtu anavyozoea ngazi za nyumba yake, na usiku ule mguu ukakosa ngazi. Ilitoka kama bawaba ya mlango mkavu. Hakuna aliyecheka. Watu walinyamaza tu, wakamhurumia, na huruma ile hakuisahau. Alimaliza onyesho kwa sauti ya nusu, akafuta rangi usoni, akamwambia mkuu wa jumba kwamba imetosha. Tangu hapo akawa mwalimu. Wanafunzi wake walifika majumba yale yaliyomkataa yeye, naye alikwenda kuwasikiliza akiketi viti vya nyuma kabisa. Mbele ya watu hakuimba tena. Hata darasani alikuwa akionyesha mstari mmoja kwa sauti ndogo, kisha anajishika koo kama aliyeiba kitu.

Mkewe alipofariki, mwanafunzi wake wa zamani aliyekuwa anafundisha Riyadh alimwita kwenye chuo kipya cha muziki. Akaja na masanduku mawili na shali ya sufu. Alitarajia kupambana na jua, akakuta adui halisi ni kiyoyozi. Alivaa ile shali ndani ya nyumba, ndani ya gari, ndani ya duka, na kila alipoingia chumba chochote alitafuta kwanza hewa baridi inatokea wapi, akaketi mbali nayo.

Walikutana kwa ajili ya vigae. Soud alikuwa amepeleka maboksi chuoni, kwa ajili ya vyoo vilivyokuwa vinamaliziwa. Akiwa peke yake kwenye chumba kitupu, kuta zimeshabandikwa, alisikia sauti yake inavyomrudia alipoguna, akajaribu kasida. Kasida za kwao huimbwa sebuleni siku za harusi, wanaume wamepiga magoti mstari mmoja, mabega yanayumba pamoja, na pumzi moja hubeba ubeti mzima bila kukatwa. Alipomaliza, mzee mwenye shali alikuwa amesimama mlangoni. Hakumsifu. Alimuuliza nani amemfundisha kupumua.

Soud alijibu kwa Kiingereza chake kwamba kupumua hakufundishwi. Mzee akamwambia, kwa Kiingereza chake naye, kwamba amewafundisha watu kupumua maisha yake yote na wengi hawajaweza bado.

Ndivyo walivyoanza, jioni baada ya kazi, bila mwisho wa ubishi. Mwalimu alimlaza chali kwenye zulia, akamwekea tumboni mfuko wa mchele wa basmati, akamwamuru aupandishe na kuushusha huku akiimba. Soud alilala pale akijiona mjinga, mchele unapanda na kushuka, na kidogo kidogo sauti ikaanza kutoka mahali ambapo hakujua kama ana mahali. Mzee alifokea makosa. Alimwita punda. Siku nyingine alimwita punda wa dhahabu, na Soud hakujua kama amepandishwa cheo.

Wimbo aliompa kwa onyesho la kwanza ulikuwa wa zamani wa Kijerumani, wa kijana anayemuaga mama yake mlangoni kabla ya kwenda kutafuta kazi nchi ya mbali. Ili maneno yamwingie, mwalimu alimtaka autafsiri kwa lugha yake. Soud hakutafsiri. Alitunga, juu ya foklifti, na akarudi na beti zake mwenyewe zinazokaa sawasawa kwenye ile tuni:

*Mama fungua mlango, nikuage kwa mkono,*
*nitie kidani shingo, cha sauti na maneno.*

Mzee alitaka kuelezwa kila neno. Kwenye kidani alisita, akauliza sauti inavaliwaje shingoni, na Soud alipomweleza alishika shali yake. Kisha akaamua: ubeti wa mwisho utaimbwa kwa Kiswahili. Akajifunza naye, akiyatafuna yale maneno kwa ulimi wake mgumu, kwa sababu kwa desturi yake mwalimu hamfundishi mtu wimbo asioujua.

Lakini wiki ya onyesho alikuwa mkali mno. Katika mazoezi ya mwisho alimwambia Soud, mbele ya wenzake, kwamba anaimba kama mtu anayeshusha vigae. Anas, mwenzao wa darasa, kijana wa kitajiri wa Riyadh mwenye mzaha mwingi, akaigiza mlio wa foklifti ikirudi nyuma, tiit, tiit, na darasa zima likacheka. Soud alimeza. Alikuwa bado nalo kooni aliposimama nyuma ya pazia, na mate yakamkuta hapo.

Kesho yake, Ijumaa, alipanda ndege ya asubuhi kwenda Jeddah. Bi Jokha hakumuuliza kwa nini amekuja bila taarifa. Alimpa mkono akaubusu, akamtazama mara moja, akamwambia akae, chakula kinakaribia. Alikuwa anamenya ndizi mbichi za kupika kwa nazi ya kopo, nazi aliyoitukana kila alipoifungua, tangu alipoletwa nchi hii akiwa msichana.

Simu ikaita ndizi zikiwa bado mezani, Soud akimsaidia kumenya. Alikuwa Alvin, Mkenya wa Kakamega, dereva wa lori pale ghalani, aliyewahi kuimba sauti nzito katika kwaya ya kanisa lao. Soud alikuwa amemwalika onyeshoni, naye akaazima koti. Mikono ya Soud ilikuwa na utomvu wa ndizi, akabonyeza kipaza sauti kwa kiwiko.

"Buda, uliingia mitini aje?" Alvin aliuliza. "Jina lako ndilo la kwanza, tunakupigia makofi, na wewe hauko."

Soud alimwambia alivyotemewa mate. Alvin akasema hayo hakuyaona, yeye alikuwa viti vya mbele, anajua tu kilichotokea jukwaani.

"Mzee alitoka yeye mwenyewe, manze. Na hiyo shali yake. Akasimama hapo katikati, akamwangalia yule dada wa piano, wakaanza. Aliimba wimbo wako."

"Haimbi," Soud alisema. "Mbele ya watu haimbi."

"Basi jana aliimba. Kijerumani kwanza, sauti ya chini, poa kabisa. Halafu akaingia Kiswahili chako. Mama fungua mlango. Mimi nilijipata nimesimama, sikujua nimesimama saa ngapi. Alipofika pale juu, kwa maneno, ikakatika. Kama kamba. Akafungua mdomo tena, hakuna kitu."

"Watu walicheka?"

"Nani acheke? Walinyamaza tu."

Soud aliweka kisu chini. Alvin aliendelea polepole, kama mtu anayeteremsha kitu kizito. Mzee alipelekwa hospitali. Walisema nyuzi za sauti zimevuja damu. Ameambiwa asiseme neno, hata kunong'ona asinong'one, na sauti yake ya kusemea haijulikani itarudi vipi. Ila wanafunzi wanakuja Jeddah wiki ijayo kwa onyesho la pili, na mzee amesisitiza kwa ishara kwamba naye anakuja.

"Mwambie mwenzio asikate," alisema Bi Jokha. Alisogeza kiti chake. "Soud. Alikutemea wapi?"

"Begani, Bibi."

"Usoni hakukugusa?"

"Hakugusa."

"Mara ngapi?"

"Tatu."

"Kabla hujatoka kwenda mbele za watu, au ulipokwisha rudi?"

"Kabla."

Bi Jokha alimtazama kama anayetazama chungu kilichoungua mikononi mwa mtu mzima. "Na mie nikikutemea utosini kila unapopanda ndege, huwa nakutukana?"

"Wewe bibi yangu. Na wewe unasoma kwanza."

"Na yeye wajua alichosoma?" Bi Jokha aliweka ndizi chini. "Mtu anayekutukana anataka uso wako, baba, aone unavyoumia. Huyu mzee wa watu kaja kwa nyuma, kakutemea begani, tena mara tatu, tena unakwenda kwenye jambo kubwa. Hiyo dua. Mdachi huyo kafundishwa na watu wetu."

Kwa Bi Jokha, kama kwa wazee wengi wa Unguja, Mjerumani hakuwa Mjerumani, alikuwa Mdachi. Soud alijaribu kumweleza kwamba mwalimu hajawahi kukanyaga Afrika.

"Wadachi walikaa bara miaka," alijibu, akirudia ndizi zake. "Wewe wadhani waliondoka mikono mitupu?"

Kwenye simu Alvin alicheka, akasema huyo shosho ako na akili, na Bi Jokha akauliza shosho ndiyo tusi gani.

Soud hakucheka. Alikuwa anakiona kile kitambaa sakafuni, mbele ya viatu vya mzee vilivyopigwa rangi kwa ajili ya jioni ya mwanafunzi wake. Hasira alizozibeba kutoka Riyadh hadi Jeddah zilikuwa zinatafuta mtu wa kumshukia, na mtu pekee aliyebaki pale mezani ni yeye. Mzee alikuwa ameilinda sauti yake iliyobaki kwa shali na kwa kukaa mbali na hewa baridi, kama mtu anayelinda kibiriti chenye njiti moja. Akaiwasha ili wimbo wa Soud usikose mwimbaji.

Ile wiki alikaa Jeddah, kwa ruhusa aliyopewa na bosi wake kwa manung'uniko. Alitunga maneno ya kuomba radhi, akayafuta, akatunga mengine. Kila aliyoyatunga yalikuwa mazuri, na kwa hilo hilo aliyaona ya uongo.

Siku ya onyesho alifika ukumbini mchana, wakati wa mazoezi, na chupa ya chai ya tangawizi na asali aliyopewa na Bi Jokha. Aliingia kwa mlango wa pembeni. Mwalimu alikuwa ameketi safu ya mbele, kwenye kiti kilicho mbali zaidi na kiyoyozi, shali imezungushwa mara mbili. Alikuwa amepungua. Safa, mpiga piano, msichana mpole wa Jeddah, aliacha kupiga alipomwona Soud. Anas aliyekuwa amesimama karibu na pazia naye hakufanya mzaha wowote.

Soud alikaa kiti cha pembeni ya mzee. Yale maneno yote ya wiki nzima yakamkimbia.

"Mwalimu," alisema, "nilidhani umenitukana."

Mzee alimgeukia. Ilimchukua muda, na Soud aliona jambo likimfikia usoni, kama mtu anayesikia habari ya jirani yake mwezi mzima baada ya mtaa wote. Haikuwa imempitia akilini. Kumbe wiki nzima naye alikuwa akijiuliza alimkosea nini kijana wake. Aligusa koo, akatikisa kichwa kwamba hawezi kusema. Kisha akaingiza mkono ndani ya koti na kutoa kitambaa. Kilikuwa kilekile. Kilikuwa kimefuliwa na kupigwa pasi, kimekunjwa kwa pembe nne. Akakiweka kwenye kiganja cha Soud na kuvifunga vidole vyake juu yake, kimoja kimoja.

Baadaye alisimama, akamshika mkono kama anavyoshikwa mtoto akivushwa barabara, akampeleka nyuma ya pazia. Anas alikuwa anakaribia kutoka kufanya mazoezi. Mzee akamwendea kwa nyuma, akainama juu ya bega lake la kushoto: tfu, tfu, tfu. Anas hakugeuka wala hakujifuta. Alitoka tu kwenda jukwaani.

Safa ndiye aliyeeleza, kwa Kiarabu, kwa sauti ya chini. Katika majumba ya opera ya kwao mwalimu, anayetoka kwenda jukwaani hutemewa namna ile na mwenzake, mara tatu juu ya bega la kushoto, kufukuza shari. Mwalimu mwenyewe alitemewa siku yake ya kwanza akiwa kijana, na kila jioni miaka yote, na hakuna aliyewahi kumweleza maana yake, kwa hiyo halikumjia wazo la kumweleza mtu. "Riyadh alitutemea sote baada yako, kabla hajatoka kuimba," alisema. "Nasi tulishtuka. Lakini sisi tulimuuliza yule mwanafunzi wake wa zamani, akatueleza."

"Na mwalimu?" Soud aliuliza. "Alipotoka kuimba badala yangu, nani alimtemea yeye?"

Safa aliinamisha macho. "Hatukujua kama inafaa."

Soud alimgeukia mwalimu, akafungua mdomo kumshukuru. Mzee akawahi kumziba kwa kiganja, macho yamemtoka, na Safa akacheka kwa mara ya kwanza. Alisahau kumwambia la mwisho, alisema. Ukitemewa, hushukuru. Ukishukuru umeharibu.

Ratiba ilichapishwa bila jina la Soud. Mwalimu alichukua kalamu ya Safa, akaliandika juu ya karatasi iliyobandikwa nyuma ya pazia, mahali pale pale pa kwanza, halafu akamwonyesha jukwaa.

Alifundisha bila sauti. Soud hakuwahi kufundishwa vizuri vile. Alipofika pale pa juu, kwenye lile neno, alisukuma kwa nguvu, kwa sababu alijua lilichokifanya neno lile kwa mtu mwingine. Mzee alimsimamisha. Alivua koti, akalikunja, kisha na suruali yake iliyopigwa pasi na shali yake akalala chali kwenye mbao za jukwaa, mzee wa miaka sabini na kitu, akauvuta mkono wa Soud na kuuweka tumboni kwake. Akavuta pumzi. Soud alihisi mbavu zikifunguka, tumbo likipanda na kutulia. Kisha mzee akaimba ubeti mzima wa Kiswahili bila kutoa sauti hata kidogo, midomo ikitamka tu, na mkono wa Soud ukasikia wimbo wote: pale pumzi inapotoka kidogo kidogo, pale inaposhikwa, na pale juu kabisa, mahali ambapo Soud siku zote alisukuma, mzee hakusukuma. Aliachia. Tumbo liliteremka polepole chini ya kiganja kama mtoto anayeshuka mapajani mwa mamaye.

Soud alibaki amepiga magoti, mkono hapo hapo. Anas akaja na mfuko wa mchele aliokuwa amebeba kwa mzaha tangu Riyadh, akauona uso wa Soud, akauweka chini taratibu na kuondoka.

Baada ya Magharibi watu wakaanza kuingia. Bi Jokha alifika mapema, kwenye teksi, amejifunika baibui na kujitia udi mpaka walinzi wakageuza vichwa, na hakutaka kuonyeshwa kiti. Alisema anamtaka Mdachi kwanza. Wakampeleka nyuma ya pazia.

Alikuwa mfupi, anamfikia mzee kifuani. Alimsalimia kwa Kiswahili kama jirani aliyemkosa muda tu, akamwambia amesikia anaumwa, akampa pole, na akamwambia mjukuu wake ana kichwa kigumu lakini moyo wake si mbaya. Mzee hakuelewa neno. Alimsikiliza kwa adabu, amejishika shali. Soud alitaka kutafsiri, Bi Jokha akamnyooshea kidole anyamaze.

"Mwambie ainame."

Soud alimwambia. Mzee akainama. Bi Jokha alimweka mkono kwenye shali, hapo kooni, akafumba macho, akaanza kusoma kwa midomo, na akasoma sana, mpaka Safa akachungulia kutazama saa. Kisha akampulizia shingoni, akamtemea utosini, mate mepesi ya bibi kizee, mara moja, mara mbili, mara tatu.

Mzee alibaki ameinama. Alipoinua uso, macho yalikuwa mekundu na midomo imefunguka. Soud alijua neno lililokuwa linakuja, kwa lugha yoyote lingekuja, na kwa muda alihofia mzee atasahau amri ya daktari. Lakini aliufunga mdomo. Hakushukuru. Alimpa Bi Jokha heshima ya kuinamisha kichwa kama aliyokuwa akiwapa watazamaji wa mji wake zamani, mkono kifuani, mguu mmoja nyuma.

"Umeona?" Bi Jokha alimwambia Soud. "Hata hajashtuka. Nilikwambia kafundishwa na watu wetu."

Akaongozwa kwenda kwenye kiti chake.

Taa zikapungua. Soud alisimama mahali pake nyuma ya pazia, na ile hewa baridi ilikuwa inamjia kutoka juu moja kwa moja. Akasikia nyayo nyuma yake. Hakugeuka. Aliteremsha bega la kushoto kidogo, kama mtu anavyoteremsha bega mtoto wake aone mbele.

Tfu, tfu, tfu. Yale meno ya bandia hayakumwonea huruma safari hii pia.

Soud hakusema kitu. Alitoka kwenye mwanga, akamwangalia Safa, akavuta pumzi kutoka kule chini aliposhikishwa mkono mchana. Kitambaa kilikuwa mfukoni, kimekunjwa pembe nne. Aliimba Kijerumani, kisha akamwomba mama afungue mlango, kwa Kiswahili, na alipofika pale juu hakusukuma, akaachia. Kiyoyozi kilipopita begani alihisi mahali palipoloa, pa baridi, na hakupafuta.